Walicheza kwa mapenzi tu? Jibu kupitia maisha ya Jimmy Speirs

SWALI: Shikamoo mwalimu. Mimi ni kijana wa Tanga, nafundisha timu ya mtaani kwetu. Kila tukikaa kuangalia mpira wa Ulaya, babu yangu hunung'unika kwamba wachezaji wa siku hizi wameharibiwa na pesa, wa zamani walicheza kwa mapenzi ya jezi tu. Juzi nimesoma kwamba timu iliyotwaa Kombe la FA mwaka 1911 ilikuwa na Waskoti wanane, na aliyefunga bao la ushindi alikuja kufia vitani. Nikajiuliza: hao Waskoti walifuata nini England? Walilipwa? Walikuwa na sauti juu ya maisha yao ya soka? Nieleze, nami nimweleze babu.

JIBU: Marahaba mwanangu. Mpe babu salamu zangu, na umwambie kwa heshima zote kwamba hapo hatukubaliani. Mchezaji wa ligi ya England wa mwaka 1911 alikuwa mfanyakazi wa kuajiriwa. Alitia saini mkataba, alilipwa kila wiki, na akichuja alionyeshwa mlango. Mpira aliupenda, hilo sibishi, lakini mwenye mke, watoto na kodi ya nyumba hali mapenzi. Alichotofautiana na wa leo ni kwamba mshahara wake ulikuwa na kikomo kilichowekwa na wakubwa wa soka, na klabu ingeweza kumng'ang'ania hata mkataba wake ukiisha.

Uliyesoma habari zake ni James Hamilton Speirs, ambaye wenzake walimwita Jimmy. Nitakusimulia maisha yake, maana ndani yake karibu maswali yako yote yamo.

Kwanza tuwekane sawa kidogo. Sisi tukisema Uingereza huwa tunazijumlisha zote: England, Scotland, Wales na Ireland ya Kaskazini. Kwenye mpira hazijawahi kuwa kitu kimoja. Scotland ina chama chake, ligi yake na timu yake ya taifa, na Mskoti aliyekwenda kucheza Bradford au Liverpool alihesabiwa kuwa amevuka mpaka kwenda kutafuta riziki.

Speirs alizaliwa Glasgow tarehe 22 Machi 1886. Glasgow ya wakati ule ulikuwa mji wa meli, chuma na moshi, na mpira ulichezwa kila penye kiwanja. Aliinukia kwenye timu za Annandale na Maryhill. Maryhill ilikuwa klabu ya soka linaloitwa "junior", na jina hilo lisikupoteze: si soka la watoto. Ni ngazi ya watu wazima iliyokuwa chini ya klabu kubwa, mpira wa nguvu wenye mashabiki wake, na ndiko maskauti walikokwenda kuchota vipaji. Kijana aliyetamba kule alijua kuna jicho linamtazama.

Sasa niende kwenye swali lako la kwanza, Waskoti walifuata nini England. Jibu lina pande mbili, ufundi na pesa.

Ufundi ni huu. Mpira wa England ulipoanza, mchezaji aliukokota mpira mwenyewe akiwa ameinamisha kichwa, wenzake wakimfuata nyuma kama kundi la nyuki, hadi aporwe. Klabu ya Queen's Park ya Glasgow, iliyoanzishwa 1867, na Waskoti waliofuata nyayo zake ndio walioufanya mpira uwe wa pasi: mpe mwenzako, kimbia, upokee tena. Leo hilo tunaliona jambo la kawaida kabisa, wewe mwenyewe unawafundisha watoto wa mtaani, lakini wakati ule lilikuwa maarifa mapya na England walikuwa tayari kuyanunua. Soka la kulipwa liliruhusiwa England mwaka 1885, Scotland ikakubali 1893. Miaka minane yote hiyo kijana wa Glasgow aliyetaka kulipwa waziwazi alilazimika kupanda treni kwenda kusini. Preston North End waliochukua ubingwa wa kwanza kabisa wa ligi, msimu wa 1888/89, bila kupoteza mechi hata moja, walijaa Waskoti. Njia ikishazoeleka haifi, na hata baada ya Scotland kuruhusu malipo, treni za kusini hazikukosa abiria wenye viatu vya mpira.

Speirs hakuanzia kusini. Mwaka 1905 alijiunga na Rangers. Ukisikia Rangers unafikiria makombe, lakini alifika kipindi kigumu. Walikuwa wametwaa ubingwa mara nne mfululizo kuanzia 1899 hadi 1902, kisha Aprili 1902, Scotland ikicheza na England pale Ibrox, uwanja wa Rangers, jukwaa la mbao liliporomoka na watu 25 wakafariki. Klabu ikauza wachezaji ili ipate fedha za kujenga upya uwanja wake. Wakati huohuo jirani zao Celtic wakawasha moto: kuanzia 1905 walitwaa ubingwa misimu sita mfululizo. Kwa hiyo miaka mitatu ya Speirs pale Ibrox ilikuwa ya kuwatazama wengine wakishangilia.

Hata hivyo kipaji kilionekana. Tarehe 7 Machi 1908 aliitwa timu ya taifa kucheza na Wales mjini Dundee, Scotland ikashinda 2-1. Hakuitwa tena. Usidhani alivurunda. Scotland ya wakati ule ilicheza mechi tatu tu kwa mwaka, na England, Wales na Ireland, na kwa nafasi yake walikuwepo mafundi wa kutosha.

Nafasi yenyewe inahitaji maelezo, maana siku hizi imepotea. Timu zilipangwa na mabeki wawili, viungo watatu na washambuliaji watano. Speirs alikuwa mshambuliaji wa ndani, yule anayecheza kati ya winga na mshambuliaji wa kati. Ndiye aliyeshuka kuchukua mpira, akaugawa, kisha akatokea kwenye boksi kufunga. Kazi ilitaka akili, kwa sababu sheria ya kuotea ilikuwa kali kuliko ya sasa: ilibidi wapinzani watatu, golikipa akiwemo, wawe kati yako na goli wakati pasi inapigwa. Beki mmoja mjanja akipiga hatua mbili mbele, safu nzima ya mbele imeotea. Sheria hiyo ilikuja kulegezwa 1925, wakawa wawili. Mwambie babu afikirie jinsi ilivyokuwa vigumu kufunga, ndipo aone uzito wa mabao ya watu wale.

Mwaka 1908 Speirs alihamia Clyde, klabu nyingine ya Glasgow, akacheza msimu mmoja. Kiangazi cha 1909 akafunga virago kwenda Bradford City.

Bradford ni mji wa viwanda vya sufu, kaskazini mwa England. Klabu yake ilikuwa changa, na historia yake ni ya ajabu. Ilianzishwa 1903 na watu wa klabu ya raga ya Manningham waliokuwa na shida ya fedha, wakaamua kuiacha raga na kuingia soka. Ligi, iliyokuwa inatafuta mahali pa kukanyaga katika eneo lililotawaliwa na raga, iliwapa nafasi daraja la pili kabla hawajacheza mechi hata moja. Kufikia 1908 walikuwa wamepanda daraja la kwanza, na mwaka uliofuata waliponea chupuchupu kushuka. Meneja wao, Peter O'Rourke, alikuwa Mskoti aliyewahi kuichezea Celtic, na alipotaka wachezaji alijua pa kwenda kubisha hodi.

Speirs alitua England wakati moto unawaka. Wachezaji walikuwa wameunda chama chao mjini Manchester Desemba 1907, akiwemo winga maarufu wa Wales, Billy Meredith. Madai yao hasa yalikuwa mawili: kikomo cha mshahara kiondolewe, na mchezaji awe na haki ya kuondoka. Kiangazi cha 1909 FA, yaani wakubwa wa soka la England, iliwaamuru wachezaji wajitoe kwenye chama hicho. Wengi walitishika wakajitoa. Wa Manchester United, waliokuwa wametoka kutwaa Kombe la FA, walikataa, wakafungiwa, wakaendelea kufanya mazoezi wenyewe na kujiita "Waliotengwa". Suluhu ilipatikana mwishoni kabisa mwa Agosti: chama kikatambuliwa, lakini mshahara na usajili vikabaki vilevile. Na mechi ya kwanza ya Bradford City msimu ule, tarehe 1 Septemba 1909, ilikuwa dhidi ya Manchester United haohao. Walifungwa 1-0.

Hapo tumefika kwenye pesa, nami naomba utulie kidogo, maana ndipo babu alipo na hoja yake.

Tangu 1901 kikomo cha mshahara kwenye ligi ya England kilikuwa pauni 4 kwa wiki. Baadaye, aliyedumu kwenye klabu aliweza kuongezewa hatua kwa hatua hadi pauni 5. Pauni moja ilikuwa na shilingi 20, hesabu ileile tuliyoletewa huku Afrika Mashariki miaka ya 1920. Fundi stadi wa kiwandani alipata karibu pauni 2 kwa wiki. Kwa hiyo mchezaji bora hakuwa maskini, aliishi vizuri kuliko majirani zake, lakini aliishi nao mtaa mmoja. Na wengi hawakufika kwenye hizo pauni 4. Hicho kilikuwa kikomo, si kima cha chini.

Scotland hakukuwa na kikomo cha namna hiyo, nawe ukiwa makini utauliza: basi kwa nini waondoke? Kwa sababu kikomo kisipokuwepo haina maana kwamba pesa ipo. Ukiziacha klabu kubwa mbili za Glasgow na chache nyingine, nyingi zilikuwa na mashabiki wachache na mifuko mitupu, na wachezaji wake walichanganya mpira na kibarua. Daraja la kwanza England lilikuwa na timu 20, umati mkubwa, na mshahara ulioingia kila wiki. Kwa kijana asiye na nafasi ya kudumu Rangers au Celtic, hesabu ilikuwa rahisi.

Usajili ndio uliouma zaidi. Mikataba ilikuwa ya mwaka mmoja mmoja. Kila msimu ukiisha, klabu ilipeleka orodha ya wachezaji inaotaka kubaki nao. Jina lako likiwa kwenye orodha, hakuna klabu nyingine ya ligi iliyoruhusiwa kukuchezesha, hata kama wewe hujatia saini mkataba mpya na hutaki. Ama ukubali, ama uende ukatafute kazi isiyo ya mpira. Klabu ikikuuza, fedha ni zake. Wewe ulipata pauni 10 za kutia saini, basi. Mwaka 1912 mchezaji aitwaye Herbert Kingaby aliishitaki Aston Villa kwa sababu ya utaratibu huo, chama cha wachezaji kikamgharamia, akashindwa, na chama kikabaki hoi kifedha. Kikomo cha mshahara kiliondolewa 1961, na kuhusu kumng'ang'ania mchezaji, mahakama ilikuja kuitikisa sheria hiyo 1963. Ni karibu nusu karne baada ya Speirs.

Unaweza kuuliza mtu alifanya nini kwa mshahara huo siku za wiki. Mazoezi yalikuwa ya kutembea mwendo mrefu, kukimbia, kuruka kamba, na mpira wenyewe waliugusa kwa nadra. Makocha wengi waliamini mchezaji akinyimwa mpira siku za kazi atakuwa na njaa nao Jumamosi. Na huo mpira! Vipande vya ngozi nene vilivyoshonwa kwa mkono, ndani kibofu cha mpira, juu umefungwa kwa kamba ya ngozi kama kiatu. Siku ya mvua ngozi ilifyonza maji, ukawa mzito kila dakika inavyopita. Ukipiga kichwa na paji lako likakutana na ile kamba, ulirudi nyumbani na alama. Likumbuke hilo, maana bao tunaloliendea lilifungwa kwa kichwa.

Msimu wa 1910/11 Bradford City walimaliza nafasi ya tano, ambayo hawajawahi kuipita hadi leo. Speirs alikuwa nahodha. Kwenye Kombe la FA waliwatoa New Brompton 1-0, Norwich City 2-1, Grimsby Town 1-0. Robo fainali na Burnley ilichezwa nyumbani, Valley Parade, mbele ya watu 39,146, umati ambao uwanja ule haujawahi kuuona tena. Wakashinda 1-0. Nusu fainali wakawanyuka Blackburn Rovers 3-0. Ukiziangalia hizo namba utajua timu ilikuwa ya aina gani: ngumu kufungika, inayotafuta bao moja na kulilinda kwa jasho.

Fainali wakakutana na Newcastle United, na hapo Bradford nzima ilijua inakabiliana na nani. Newcastle walikuwa mabingwa wa ligi 1905, 1907 na 1909, ndio waliokuwa na kombe la mwaka uliopita, na hii ilikuwa fainali yao ya tano ndani ya miaka saba. Nyuma walikuwa na Bill McCracken, beki ambaye jina lake lilikuwa sawa na mtego wa kuotea, yule hasa niliyekueleza anayepiga hatua mbili na kuwaacha watu wamenyoosha mikono. Golini alisimama Jimmy Lawrence, naye Mskoti. Kuwa mji mwingine hakukumwondolea Speirs sura za nyumbani.

Mechi ya kwanza ilichezwa Crystal Palace, London, Jumamosi ya tarehe 22 Aprili 1911. Ilikuwa suluhu, tena suluhu ya kuchosha, nami sitakupotezea muda nayo. Kitu kimoja tu ukijue: Newcastle walikuwa na mkosi na uwanja ule, fainali zote walizocheza pale hawakushinda hata moja.

Marudio yakapangwa Jumatano ya tarehe 26, Old Trafford, Manchester, uwanja uliokuwa na mwaka mmoja tu tangu ufunguliwe. Jumatano, siku ya kazi! Na bado watu wapatao 58,000 walijaa. Kutoka Bradford hadi Manchester si mbali kwa treni, na viwanda vya sufu bila shaka vilikuwa na nafasi nyingi wazi mchana ule.

Meneja alifanya badiliko moja. Alimtoa kiungo wa kati Willie Gildea, akamwingiza Bob Torrance, Mskoti mwenzao. Dakika ya 15 mpira wa juu ukaangukia eneo la Newcastle, wachezaji wakagombania, Speirs akauwahi kwa kichwa. Halikuwa kombora. Mpira ulikwenda taratibu, Lawrence akiwa amezongwa na kuchelewa kuufikia, ukavuka mstari. Kwa McCracken na mtego wake hiyo ndiyo njia pekee, kutokea nyuma kwa wakati sahihi, na wakati sahihi ndio uliokuwa kipaji cha Speirs. Nawaambia vijana siku zote: bao zuri si lazima lipasue nyavu. Lile lilijiviringisha tu kama mpira wa mtoto, na ndilo lililoipa Bradford kombe lake.

Dakika 75 zilizobaki zilikuwa za kuokoa. Newcastle walisukuma, Torrance akafanya kazi ambayo wengi waliiona kuwa bora uwanjani siku ile, na filimbi ya mwisho ikalia 1-0. Hesabu yako ya Waskoti wanane ni sahihi: Campbell, Taylor, Torrance, McDonald, Logan, Speirs, Frank O'Rourke na Devine. Golikipa Mellors na kiungo Robinson walikuwa wa England, winga Thompson alitoka Ireland.

Kombe alilokabidhiwa Speirs lilikuwa jipya kabisa. La kwanza liliibwa Birmingham mwaka 1895. La pili lilistaafishwa 1911 na kupewa mkuu wa FA, Lord Kinnaird, kwa sababu watu walikuwa wameliiga. La tatu, lile kubwa lenye vishikio viwili ambalo umbo lake unaliona hadi leo kwenye televisheni, lilibuniwa na kutengenezwa na kampuni ya masonara ya Fattorini. Ofisi ya Fattorini ilikuwa Bradford. Kwa hiyo mtu wa kwanza kulinyanyua alilirudisha mjini lilikotoka. Jioni ileile timu ikapanda treni, na Bradford ikawapokea kwa mitaa iliyofurika. Nahodha alikuwa na umri wa miaka 25.

Ungetegemea mtu huyo awekewe sanamu na aongezewe mshahara maradufu. Mshahara haukuweza kuongezwa, sheria haikuruhusu. Desemba 1912 Bradford City walimuuza kwa majirani zao wa daraja la pili, Leeds City, kwa pauni 1,400. Tufanye hesabu pamoja. Pauni 5 kwa wiki ni pauni 260 kwa mwaka. Ada ile ilikuwa sawa na mshahara wake wa zaidi ya miaka mitano, ukichukua kiwango cha juu kabisa. Iliingia kwenye akaunti ya Bradford City. Umwonyeshe babu hesabu hiyo. Pesa ilikuwepo kwenye mpira wa zamani, tena nyingi, ila mchezaji hakuwa ndiye anayeigawa.

Aliyemnunua alikuwa Herbert Chapman, meneja kijana wakati huo, ambaye baadaye alijenga Huddersfield Town na Arsenal zilizotawala soka la England miaka ya 1920 na 1930. Leeds City walikuwa wametoka kushika nafasi ya 19 na kulazimika kuomba wapigiwe kura wabaki ligini. Chapman alitaka nahodha mwenye akili ndani ya uwanja, akampata. Msimu wa 1913/14 walimaliza nafasi ya nne, wakakosa kupanda daraja kwa pointi 2. Ndiyo ilikuwa nafasi bora katika historia ya klabu ile.

Kisha Agosti 1914 Vita vya Kwanza vya Dunia vikaanza. Ligi iliamua kuendelea na msimu, na wachezaji wakatukanwa magazetini kila siku: vijana wenye afya wanakimbiza mpira wakati wenzao wanakufa Ufaransa. Mimi naona matusi yale hayakuwa ya haki. Mtu alikuwa amefungwa na mkataba ambao hakuuandika yeye, na lawama ikamwangukia yeye badala ya waliouandika. Hata hivyo wengi walikwenda. Novemba 1914 wachezaji wa Hearts ya Edinburgh, waliokuwa wanaongoza ligi ya Scotland, walijiandikisha kwa pamoja, na saba wa kikosi kile hawakurudi. Mwezi uliofuata London ikaunda kikosi kizima cha jeshi cha wanasoka.

Speirs alimaliza msimu wake na Leeds City, na Mei 1915 akarudi Scotland kujiandikisha kwenye kikosi cha Cameron Highlanders. Alikuwa na miaka 29, mke na watoto wawili wadogo. Hakulazimishwa na mtu. Sheria ya kuwachukua kwa nguvu wanaume wenye ndoa ilikuja mwaka mmoja baadaye. Alipelekwa Ufaransa, akajeruhiwa, akapona, akarudishwa mstari wa mbele. Mwaka 1917 alitunukiwa nishani ya ushujaa, Military Medal, kwa aliyoyafanya katika mapigano ya Arras, na akapandishwa kuwa sajenti.

Tarehe 31 Julai 1917 yalianza mapigano ya Ypres nchini Ubelgiji, yale yanayojulikana zaidi kwa jina la kijiji cha Passchendaele. Mvua ilinyesha juu ya ardhi iliyochimbuliwa na mizinga, ikawa matope yanayomeza watu na farasi. Speirs aliuawa huko tarehe 20 Agosti, akiwa na miaka 31.

Hakuwa peke yake katika picha ya timu zake. Evelyn Lintott, mtu wa England aliyecheza naye Bradford na tena Leeds, mwalimu wa shule aliyewahi kuongoza kile chama cha wachezaji nilichokutajia, aliuawa 1 Julai 1916, siku ya kwanza ya mapigano ya Somme nchini Ufaransa. Bob Torrance, nyota wa marudio ya Old Trafford, aliuawa 1918.

Na Leeds City yenyewe haikudumu. Oktoba 1919 ilifukuzwa ligini kwa tuhuma za kuwalipa wachezaji isivyo halali wakati wa vita. Tarehe 17 mwezi huo wachezaji wake wakapigwa mnada katika Hoteli ya Metropole mjini Leeds, wawakilishi wa klabu wakiwa wamekaa na kutaja bei, na jumla ikapatikana pauni 9,250. Baadhi ya watu waliouzwa siku ile walivaa jezi pamoja na Speirs. Umsomee babu kipande hiki polepole.

Ukibahatika kufika Ubelgiji, kaburi lake lipo Dochy Farm, karibu na Ypres, makaburi yaliyokusanywa baada ya vita kutoka mashambani pande zile. Wamezikwa zaidi ya 1,400 na wengi wao hawana majina. Yeye jina lake lipo. Mwaka 2003 medali yake ya Kombe la FA na ile ya vita ziliuzwa mnadani.

Bradford City hawajalichukua tena Kombe la FA tangu siku ile.